Maji ya Jumatatu

Sijui alizaliwa mwaka gani, na ukoo wake wanaujua wenyewe. Mimi namjua kuanzia miguu. Mtoto wa darasa la kwanza aliyekaa sakafuni huona miguu ya mwalimu kabla ya uso, na miguu ya mtu huyu haikutulia hata siku moja. Alifundisha akitembea. Alisahihisha madaftari akitembea, kalamu nyekundu mkononi, na akifika ukutani aligeuka bila kuinua macho. Makande aliyala amesimama mlangoni mwa ofisi, sahani kifuani, jicho barabarani, na kengele ikilia alikuwa keshaingia darasani anamalizia kutafuna. Tulimwita Mwalimu. Shule ilikuwa na walimu saba, lakini ukisema Mwalimu tu, hakuna aliyekuuliza yupi.

Nimeanza kuandika habari zake mara nne, na mara zote nne nimeinuka mezani nikaenda kufagia duka ambalo nilikuwa nimeshalifagia. Nashona sare za shule hapa Same mjini. Kila Januari watoto wa milimani huteremka na mama zao kuja kupimwa, na hakosekani mmoja ambaye, nikishamzungushia futi kiunoni, anaanza kuimba ule wimbo wa ndiva. Mama yake hufurahi. "Dada, si na wewe ni wa kule kwetu, juu ya Myamba? Huujui huu?" Naujua. Naujua kuliko wote walio hai, na ndiyo maana nikiusikia napima kiuno kile kile mara mbili.

Niseme mapema, ili msomaji asihangaike kama ninavyohangaika mimi. Mwalimu aliwatungia watoto nyimbo kwa zaidi ya miaka thelathini, na wimbo mmoja kati ya hizo ulimnyang'anya mjane maji yake ya kumwagilia. Hakukusudia. Alipojua, alijaribu kuurudisha, akashindwa. Siku aliposimama mbele ya watu kusema ukweli, mtu pekee aliyeweza kumuunga mkono alikuwa mimi, na nilinyamaza. Nyumba iliyofaidi maji hayo ni yetu.

Basi, sasa naweza kuendelea.

Sauti hakuwa nayo. Watu wa mbali waliosikia nyimbo zake walidhani ni mtu wa kwaya, mwenye koo laini, lakini Mwalimu akiimba mstari mmoja, wasichana wa mbele walikuwa wanauma kola za mashati wasicheke. Mwenyewe alijua. Alikuwa anatutajia maneno tu, huku akigonga mapigo kwa kipande cha chaki kwenye ubao wa mlango, kisha anatuachia sisi tutafute mahali pa kupandisha na kushusha. Tukikubaliana, wimbo umepatikana. Hakuandika popote. Hana daftari la nyimbo, hajawahi kuwa nalo, na kama angekuwa nalo nisingekuwa na jambo la kuandika leo.

Alichokuwa nacho ni ngazi. Shule yetu iko juu ya kanisa la Kilutheri, na katikati kuna ngazi za mawe zilizojengwa na wazee kwa msaragambo, ile kazi ya pamoja ambayo nyumba isiyotoa mtu husemwa mwaka mzima. Chini ngazi ni za upole. Ukifika kwenye kona zinasimama, unapanda mikono ikigusa mawe, halafu unatokea tambarare mpaka shuleni. Kila asubuhi tulizipanda tukiwa na dumu la maji au ndoo ya samadi ya bustani ya shule. Na tulizipanda tukiimba, kwa sababu Mwalimu alikuwa nyuma yetu anasikiliza.

Kwake wimbo usioweza kupanda ngazi haukuwa wimbo. Alikuwa anasikiliza pumzi inapokatikia. Mtoto akikwama kwenye neno, Mwalimu anachora alama ya chaki kwenye jiwe alilosimama mtoto huyo. Kesho yake anasikiliza tena. Mtoto huyo huyo, jiwe lile lile, neno lile lile, mara tatu, basi mstari unabadilishwa. Hakumkemea mtu. Alisema, "Kosa ni langu. Nyie pandeni." Katika kijiji chetu sikuwahi kumsikia mtu mzima mwingine akimwambia mtoto kosa ni langu, na nilimpenda kwa neno hilo, nampenda mpaka leo, ijapokuwa ndilo lililotuletea balaa. Mvua ikinyesha, chaki inatoka. Ndivyo alivyotunza kumbukumbu za kazi yake.

Alikuwa na misimamo mikali kwa mtu mwenye kazi nyepesi kiasi hicho. Hakutaka nyimbo za kukaribisha wageni. "Usimwimbie mtoto kama unamwomba kura," alisema, "na usimfundishe mtoto kumwimbia anayeomba kura." Mwaka mmoja alikuja mgeni wa serikali kufungua madarasa mawili, na mwalimu mkuu akamlazimisha. Mwalimu akasema sawa. Siku yenyewe tukasimama, soksi zimevutwa mpaka magotini, tukaimba kwamba choo cha wasichana hakina mlango, kwamba mmoja akiingia wawili wanasimama kumkinga na kanga, na kwamba kanga yenyewe imetoboka. Wageni walianza kupiga makofi kabla hawajasikia maneno vizuri. Mwalimu mkuu hakumsalimia mpaka muhula ukaisha.

Mlango uliletwa. Hapo ndipo nilipomwona akikasirika kweli, si kwa sababu ya mlango bali kwa sababu sisi tuliendelea kuimba. "Mlango upo! Mnaimba nini sasa?" Tuliitikia ndiyo Mwalimu, tukafika nyuma ya jengo tukaimba. Wimbo ulikuwa mtamu, sasa tungeuacha kwa sababu ya bawaba mbili? Nadhani siku ile angeweza kujifunza kitu, na hakujifunza.

Halafu kuna Upendo. Darasa letu lilikuwa na wimbo wa kuitana majina asubuhi badala ya mwalimu kusoma rejista, kila mmoja na kipande chake. Upendo alifariki wakati wa likizo, malaria, siku tatu tu. Shule ilipofunguliwa tulifika kwenye kipande chake tukababaika, wengine wakaruka, wengine wakalitaja jina. Mwalimu akatusimamisha. Akasema tusiruke wala tusitaje. Tukifika hapo tunyamaze kwa pumzi moja, kisha tuendelee na anayefuata. Aliyefuata ni mimi. Mwaka mzima nilianza jina langu nikitokea kwenye kimya kile, na kila asubuhi tulipokikaribia, Mwalimu alitoka nje akasimama barazani, akarudi tulipomaliza. Nilikuwa nalia kila siku na sikulificha hilo.

Usije ukadhani alikuwa mtu wa kukumbatia watoto. Alikuwa anatufukuza kwenye mapera yake kwa mawe, na alilenga. Mtoto akimletea swali refu alimkatiza katikati, "Fupisha, fupisha." Alikuwa na binti mmoja, tuliyekuwa tunamwonea wivu, tukidhani kwao kila usiku ni nyimbo. Siku moja akaniambia, na hakusema kwa kulalamika, "Mimi baba hajaniimbia hata mara moja. Nyimbo zake nimejifunza kwenu." Nilimuuliza Mwalimu habari hiyo nilipokuwa mtu mzima, maana mdomo wangu hauna breki panapotakiwa kunyamaza. Alitembea hatua kadhaa, akarudi, akasema, "Nyumbani hakuna ngazi." Sikuelewa kama ni utani. Binti yake alikuwa anaosha vyombo na hakucheka.

Sasa ndiva. Nazunguka tu, lazima nifike.

Ndiva ni bwawa la kijiji. Maji ya chemchemi yanajaa humo usiku, asubuhi linafunguliwa na maji yanateremka kwa mfereji kwenda kwenye mashamba. Kila siku ina nyumba yake, na siku hiyo maji yote ni ya nyumba hiyo. Jumapili halifunguliwi, watu wako kanisani. Kwa hiyo mwenye Jumatatu anakuta maji ya usiku mbili. Wazee waliopanga zamu hawakuwa wajinga. Jumatatu waliipa nyumba ya mzee Eliamringi, ambaye shamba lake liko mwisho kabisa wa mfereji, mbali, ambako maji ya usiku mmoja hunywewa na udongo njiani kabla hayajafika. Sisi wa kwa mzee Yona, baba yangu, shamba letu liko karibu. Zamu yetu ilikuwa Alhamisi, na ilitutosha.

Mwalimu akaona zamu hizo zinafaa kutungiwa wimbo, ili watoto wanaotumwa kufungua wasikosee siku. Tulikuwa darasa la tatu. Wimbo ulianzia chini ya ngazi na Jumapili, na Jumatatu iliangukia pale pale kwenye kona, mahali ngazi zinaposimama. Jaribu wewe mwenyewe: dumu la lita tano, magoti yanagusa kidevu, halafu useme Eliamringi. Mimi nilishindwa. Nilikuwa mdogo wa kimo, na kifua changu kilikuwa kibovu wakati wa baridi. Jumanne nilikwama, Jumatano nikakwama, Alhamisi nikakwama na dumu likanimwagikia. Mwalimu alikuwa nyuma yangu. Akasema, "Kosa ni langu."

Ijumaa akatukusanya chini, kwenye jiwe la kwanza. "Leo tunahamisha. Yona apande Jumatatu, jina lake ni jepesi. Eliamringi tumpeleke Alhamisi, kule tambarare, kuna pumzi ya kutosha. Huu ni wimbo tu. Maji yenyewe mzee wa ndiva anayajua." Wenzangu wakanipiga mabegani kwa furaha, jina la baba yangu limekaa mahali pazuri. Tukapanda:

Jumapili ndiva lala,
Jaa maji polepole,
Jumatatu kwake Yona,
Mfereji nenda mbio.

Nilipita konani bila kukwama. Nilisikia raha ambayo hata sasa naweza kuikumbuka kifuani.

Hakuna aliyejali. Mzee wa ndiva alikuwa na zamu kichwani na kwenye daftari, akafungua kwa Eliamringi kila Jumatatu kama kawaida, huku watoto wakipita wakiimba Yona. Wimbo ukaenda. Madarasa ya nyuma yetu yaliukuta hivyo. Walioujua ule wa kwanza ni darasa moja, kwa siku nne.

Miaka ikapita. Mzee wa ndiva akafariki, mzee Eliamringi akafariki, baba yangu akafariki. Mvua kubwa ikavunja ukingo wa ndiva na bwawa likakaa kavu miaka mingi, watu wakilima kwa mvua tu, mpaka zamu zikabaki kwenye wimbo. Vijana walipolijenga upya kwa msaragambo, nami nikapanda kutoka Same kushiriki, maana hata ukihama jina lako linaitwa. Siku ya mwisho, saruji bado mbichi, tukakaa ukingoni kupanga zamu. Daftari likaletwa. Mchwa walikuwa wamelila, limebaki jalada.

Mama Nanzia, mjane wa mzee Eliamringi, akasimama wa kwanza. "Mimi nimeolewa hapa nikakuta Jumatatu ni yetu. Nimemzika mume wangu Jumatatu ikiwa yetu. Sina zaidi."

Mdogo wangu Ombeni, ambaye ndiye analima shamba la baba, akavua kofia. Ni mtu wa adabu, na alizaliwa miaka sita baada yangu; bwawa lilipokauka alikuwa bado mtoto. Alikuwa anasema anachokijua. "Mama, shikamoo. Sikubishii kwa ubaya. Lakini Jumatatu ni kwa Yona. Hata watoto wanaimba."

Mtu mmoja akaanza kuimba, kwa kicheko, na wote wakadakia. Watu wazima, wenye saruji mpaka kwenye nyusi, wanaimba wimbo wa darasa la tatu. Wajukuu wa Mama Nanzia nao waliimba. Wimbo ulipokwisha, jambo lilikuwa limekwisha.

Mwalimu akasimama. Alikuwa ameshastaafu, ana fimbo, lakini hata pale alikuwa anahama kutoka mguu huu kwenda huu. "Wimbo huo nimeutunga mimi. Hapo penye Yona palikuwa na Eliamringi. Nilihamisha."

"Ulihamisha kwa nini, Mwalimu?"

"Kwa sababu ya ngazi."

Walicheka. Ngazi zinagawa maji siku hizi? Akajaribu kueleza habari za pumzi na kona, na kadiri alivyoeleza ndivyo walivyozidi kucheka, maana hebu fikiria, mtu mzima anasema alihamisha siku ya maji ya nyumba ya watu kwa sababu mtoto alihema. Mmoja akasema, "Makande ya Mama Nanzia yamemkolea Mwalimu." Ilijulikana kwamba anapitia pale kula, yeye kafiwa na mke, mama kafiwa na mume, na kicheko cha pili kilikuwa kibaya kuliko cha kwanza. Mama Nanzia akakaa chini.

Mwalimu hakucheka wala hakukasirika. Akasema kwa sauti yake ya darasani, "Darasa la tatu la mwaka ule, aliyepo anyooshe mkono." Tulikuwepo wawili. Mwenzangu alisema, "Mwalimu, mimi hata nilichokula jana sikumbuki." Mimi nilikuwa nakwangua saruji kwenye kucha. Nilijua macho yake yamenifikia. Hakuniita jina. Nilijiambia Ombeni ni ndugu yangu, ndiye aliyemuuguza mama, ameshaotesha miche ya kabichi kwa kutegemea maji hayo. Nilijiambia nitamwambia taratibu nyumbani. Uongo wote. Niliogopa kuchekwa, na nilitaka Jumatatu ibaki kwetu. Daftari jipya likaandikwa kwa mpangilio wa wimbo.

Tangu siku hiyo Mwalimu alikuwa mtu wa kutangatanga. Alikwenda shule tatu za jirani na fimbo yake, akaomba dakika kumi, akawafundisha watoto wimbo sahihi. Watoto waliuimba mbele yake kwa heshima zote, na walipotoka nje wakaimba wa kwao. Alimwomba mwalimu mkuu mpya aupige marufuku, na mwalimu mkuu, kwa nia njema, akautangaza mstarini kuwa umepigwa marufuku. Mnaweza kukisia kilichotokea. Wiki hiyo hiyo ulikuwa unaimbwa hadi na wale waliokuwa wameusahau, na mtu akaurekodi kwa simu akautia kwenye kundi la kijiji. Nami niliupata hapa Same. Niliusikiliza mara moja, nikaufuta, na mtu mwingine akautuma tena.

Mama Nanzia alipanda nyanya msimu wa kwanza. Maji ya Alhamisi yalifika kwake kama kamasi, kisha hayakufika. Msimu wa pili alipanda nusu shamba. Msimu wa tatu Ombeni aliniambia kwa simu, akisimulia habari nyingine kabisa, kwamba mama wa watu ameacha kulima, labda ni uzee. Nilisema labda.

Binti wa Mwalimu alimteremsha baba yake Same kwa ajili ya presha. Nyumba yao haiko mbali na duka langu, unavuka barabara kuu, unapita msikiti, umefika. Miezi minane sikwenda. Nilikuwa nikimwona kwa mbali anatembea kwenye upepo ule wa Same unaopeperusha vumbi mpaka unauma meno, koti limefura, nami narudi ndani kutafuta uzi.

Akaja mwenyewe. Ilikuwa asubuhi, nina rundo la sketi za bluu, nikasikia fimbo mlangoni.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, binti Yona. Mfuko wa suruali umetoboka. Hela zinanishukia mguuni."

Nilimpa kanga ajifunge, nikachukua suruali. Sikuweza kumtazama. Yeye alizunguka duka, akashika vifungo, akasikiliza cherehani, akaanza kugonga meza kwa kufuata mapigo yake. Nikadhani atatunga kitu. Nilitamani atunge, aondoke na wimbo, aniache.

"Nimekuja kuuliza," akasema.

Mguu wangu ukasimama kwenye pedali.

"Wimbo wa ndiva. Kila ninapoujaribu ule wa kwanza, mdomo unakwenda kwa Yona wenyewe. Nimejaribu jana, nimejaribu leo njiani. Nasikia watoto tu. Sasa nimeanza kufikiri pengine wale watu walisema kweli." Aligeuka akaenda mlangoni, akarudi. "Pengine sikuhamisha. Pengine nilimhurumia Mama Nanzia nikajitungia na hilo. Mimi ni mtu wa kutunga, unajua. Wewe ulikuwepo. Sikukuuliza siku ile kwa jina kwa sababu niliona una jambo lako. Leo nauliza. Nilihamisha, au sikuhamisha?"

Nimefikiria sana, tangu hapo, kwamba ningeweza kusema sikumbuki. Angekubali. Angekwenda nyumbani na suruali yake, na hakuna mtu mwingine duniani ambaye angejua. Nilikuwa na hilo mkononi kabisa. Lakini nilimwona alivyoniangalia, mtu aliyewasikiliza watoto wote wale wapande na mizigo, sasa hajui kama aamini akili yake mwenyewe, na nikajichukia kwa namna ambayo sijawahi.

"Ulihamisha, Mwalimu. Siku ya Ijumaa. Ni mimi niliyekuwa nashindwa kutamka Eliamringi. Siku tatu. Na siku ya mkutano nilikuwa nakumbuka kila kitu."

 Alivuta pumzi ndefu, akaishusha, akanyoosha mkono kuonyesha simu yangu iliyokuwa juu ya sketi. "Mpigie ndugu yako."

Nilipiga. Niliweka sauti ya juu, maana masikio yake si mazuri tena.

"Dada, shikamoo."

"Marahaba. Ombeni, uko wapi?"

"Shambani, tunapakia kabichi. Gari linasubiri, sema haraka."

"Maji ya Jumatatu si yetu. Ni ya Mama Nanzia. Mwalimu alisema kweli. Aliubadilisha wimbo mbele yangu, kwa ajili yangu, nilikuwa nashindwa kupanda nao. Nilijua siku ya mkutano. Nilinyamaza."

Nilisikia watu wakihesabiana magunia. Kisha nilisikia akisogea pembeni.

"Ulijua?"

"Nilijua."

"Mimi nimesimama mbele za watu nikambishia mama mtu mzima, nimevua na kofia, na wewe umekaa pale unaniangalia?"

"Ndiyo, Ombeni."

Simu ikakatika. Niliiangalia mpaka kioo kikazima. Nje mtu alikuwa anapita na mkokoteni wa madumu ya maji, na kengele yake ilinikera mpaka nikataka kupiga kelele.

"Amekata?" Mwalimu akauliza.

"Amekata."

"Mpigie tena. Hujamwambia lini utakwenda kusema mbele ya watu."

"Mwalimu, ana hasira. Tumwache hadi jioni."

"Mpigie."

Nilipiga. Nilitarajia iite mpaka ichoke. Iliita mara moja tu, akapokea, na sauti yake ilikuwa nyingine, ya chini, ya mtu aliyekaa juu ya kitu.

"Nilikuwa nakupigia mimi," akasema. "Jumapili, baada ya ibada, pale ukingoni. Kikao nitakiita mwenyewe, na Mama Nanzia nitamfuata nyumbani kwake nimlete. Lakini sitasema mimi, dada. Utasimama wewe. Unasikia? Wote watakuwepo, na utasimama wewe."

Nilianza kukunja sketi iliyokuwa mbele yangu. Mwalimu, akiwa amejifunga kanga yangu, miguu imekonda, alikuwa keshainamia simu.

"Tutakuja," akasema.